Sydenham: jimbo lililofutwa mara mbili

Ukitoka katikati ya jiji la Christchurch, New Zealand, na kufuata Barabara ya Colombo kuelekea kusini, unapita juu ya reli na kuingia Sydenham. Mbele vinaonekana vilima vya Port Hills. Kwa miaka mingi huu ulikuwa mtaa wa wafanyakazi, wenye viwanda, karakana, maduka ya matofali na nyumba ndogo za familia. Tetemeko la ardhi la Februari 22, 2011 liliharibu majengo mengi ya zamani ya barabara hiyo.

Lakini miaka 15 kabla ya tetemeko, Sydenham ilikuwa imeshapoteza kitu kingine: jimbo lake la uchaguzi. Mtoto anayekulia pale leo hulikuta jina hilo kwenye vibao vya mtaa, si kwenye orodha ya majimbo ya Bunge. Wazazi wake na babu zake, hata hivyo, wana mengi ya kumsimulia.

Jimbo hilo lilianzishwa mwaka 1881. Mwaka 1890 lilifutwa, na Sydenham ikaingizwa katika jimbo kubwa la jiji lililokuwa na wabunge watatu kwa pamoja. Miaka mitatu baadaye, wanawake wa New Zealand walipata haki ya kupiga kura, wa kwanza duniani katika nchi inayojitawala. Harakati hizo ziliongozwa na Kate Sheppard, mkazi wa Christchurch. Kwa hiyo akina mama wa Sydenham walipiga kura yao ya kwanza wakati mtaa wao hauna jimbo lenye jina lake.

Binti aliyenyimwa kiti cha baba

Jimbo lilirudishwa mwaka 1946, na mbunge wake alikuwa mwanamke, Mabel Howard.

Mabel alizaliwa Australia mwaka 1894. Mama yake alifariki angali mdogo, na baba yake, Ted Howard, akahamia New Zealand na binti zake watatu. Ted akawa mwanaharakati wa vyama vya wafanyakazi, kisha mbunge wa Christchurch Kusini kuanzia mwaka 1919. Mabel alikua akisikiliza siasa nyumbani. Mwaka 1933 akawa katibu wa chama cha vibarua ambacho wanachama wake wengi walikuwa wanaume.

Baba alipofariki mwaka 1939, binti alitaka kugombea kiti kile. Chama chao cha Labour kikamteua mwanamume. Mabel hakuhama chama wala hakuacha siasa. Mwaka 1943 alishinda uchaguzi mdogo katika jimbo jirani, na mwaka 1946 akahamia Sydenham, ambako wapiga kura walimrudisha bungeni hadi alipostaafu mwaka 1969. Mwaka 1947 alikuwa mwanamke wa kwanza kuwa waziri nchini humo, akisimamia Afya na Ustawi wa Watoto.

Kisa chake kinachokumbukwa zaidi ni cha mwaka 1954. Alisimama bungeni na kuinua juu chupi mbili za kike, zile kubwa za kizamani. Zote mbili lebo zilionyesha saizi moja, lakini moja ilikuwa kubwa kuliko nyingine. Alitaka vipimo vya nguo viwe vya kuaminika. Kila mzazi aliyewahi kununua nguo ya mtoto kwa kuangalia lebo, akafika nyumbani ikagoma kupita kichwani, anajua mama huyo alikuwa akisema nini.

Mbunge aliyegusa hata Afrika Mashariki

Baada yake alikuja Norman Kirk, mtoto wa familia maskini aliyeacha shule akiwa na miaka 12. Mwaka 1972, akiwa mbunge wa Sydenham, akawa Waziri Mkuu.

Kabla ya uchaguzi huo Kirk alikuwa ameahidi kutoingilia ziara ya timu ya raga ya Afrika Kusini ya ubaguzi wa rangi. Lakini Christchurch ilikuwa mwenyeji wa Michezo ya Jumuiya ya Madola ya mwaka 1974, na nchi za Afrika zilitishia kususia. Mwaka 1973 aliizuia ziara hiyo, ingawa alijua angewaudhi wapiga kura wengi.

Waafrika wakaja. Februari 2, 1974, jijini humo, Filbert Bayi wa Tanzania alikimbia mita 1,500 kwa dakika 3 na sekunde 32.2, rekodi mpya ya dunia. Ben Jipcho wa Kenya alikuwa wa tatu katika mbio hizo, na alirudi nyumbani na dhahabu mbili za mbio nyingine.

Agosti mwaka huohuo Kirk alifariki akiwa madarakani, na umri wake ulikuwa miaka 51 tu. Wakazi wa Sydenham walimchagua mwanawe, John, kushika kiti cha baba yake, kile ambacho Mabel alinyimwa kwa baba yake.

Kura iliyolifuta jimbo

Mbunge wa mwisho alikuwa Jim Anderton, aliyechaguliwa mwaka 1984. Mwaka 1989 alikihama chama cha Labour na kuanzisha chama kipya. Mwaka uliofuata Sydenham ikamchagua tena, ingawa kwa miaka yote hiyo ilikuwa ngome ya Labour.

Mwaka 1993 wananchi walipiga kura ya maoni na kuchagua mfumo mpya wa uchaguzi, ambao kila mpiga kura ana kura mbili: moja ya mbunge wa jimbo, nyingine ya chama. Majimbo yalipunguzwa kutoka 99 hadi 65, na kila moja likawa kubwa zaidi. Sydenham ilifutwa kwa mara ya pili mwaka 1996, na Anderton akagombea na kushinda katika jimbo la Wigram.

Wakazi walipata kura ya pili, wakapoteza jimbo lenye jina la mtaa wao. Mipaka ya majimbo huchorwa upya kila mara, na mtoto hawezi kujua yaliyokuwapo kabla yake asiposimuliwa. Mzazi anaweza kuanza na maswali mawili mezani wakati wa chakula: mbunge wetu ni nani, na kabla yake alikuwa nani?