Mvua Ikikatiza Mchezo, Mshindi Ni Nani?

Wazee wangu, mama zangu na ndugu zangu wa Majengo, Nairobi, nawaandikia kutoka Philadelphia, mji ambao kiangazi chake hakiendi bila besiboli, na besiboli yenyewe haiendi bila mvua. Timu za ligi kuu ya Marekani hucheza mechi 162 kila moja kwa msimu, karibu kila siku, na viwanja vingi havina paa. Kwa hiyo mechi kukatizwa na mvua ni jambo la kawaida, na kitabu cha sheria kina jibu lake. Mechi kamili ina zamu 9. Katika kila zamu wageni hupiga kwanza hadi watu wao 3 watolewe, kisha wenyeji nao hupiga hadi watu wao 3 watolewe. Mvua ikizima mchezo kabla ya zamu 5 kutimia, mshindi hakuna, na mchezo unamaliziwa siku nyingine. Zikishatimia 5, anayeongoza ameshinda, na ushindi huo ni sawa na wa zamu 9. Wenyeji wakiwa mbele baada ya wageni kumaliza kupiga katika zamu ya tano, zamu 4 na nusu zinatosha, maana nusu iliyobaki ni ya wenyeji wenyewe na hawaihitaji.

Jinsi inavyotekelezwa ndiyo iliyonivutia kuwaandikia. Matone yakizidi, mwamuzi mkuu husimamisha mchezo, na wafanyakazi wa uwanja hutoka mbio wakiburuta turubai kubwa lililoviringishwa kwenye bomba refu, wakalitandaza juu ya udongo ambao wachezaji hukimbia juu yake. Mwamuzi haruhusiwi kuvunja mechi hapo hapo. Ni lazima asubiri angalau dakika 30, na anaweza kusubiri zaidi akiona dalili ya anga kufunguka. Watazamaji nao wanajua haki yao, kwa sababu mechi isipofika kiwango cha kuhesabiwa, wanapewa nafasi ya kuja kutazama nyingine, na ikifika, pesa yao imeliwa kihalali. Kila aliye uwanjani, tangu mrushaji hadi muuza njugu, anajua mstari uko wapi kabla ya mpira wa kwanza kurushwa.

Nadai kwamba matokeo ya mchezo uliokatizwa yana haki pale tu masharti mawili yanapotimia: mstari uwe umechorwa kabla ya yeyote kujua nani ataongoza, na mstari huo upime nafasi ambayo kila upande umepata, wala si saa peke yake. Besiboli imetimiza yote mawili. Zamu 5 ni zaidi ya nusu ya mchezo, na kwa kuwa ni zamu, si dakika, hakuna aliyeshindwa anayeweza kulalamika kwamba mwenzake alipiga mara 5 naye akapiga 4. Na wageni wakichukua uongozi katikati ya zamu, mvua ikashuka kabla wenyeji hawajajibu, ligi kuu haimpi mtu ushindi. Mchezo unasimama palepale, unaendelea siku nyingine kutoka pale ulipoachwa.

Hapa Philadelphia wanao ushahidi wao wa kile kinachotokea sharti la kwanza linapolegea. Tarehe 27 Oktoba 2008, Phillies walikuwa nyumbani wakicheza na Tampa Bay Rays mechi ya tano ya fainali, na ushindi mmoja tu ungewapa ubingwa walioukosa tangu 1980. Mvua ilikuwa ikinyesha tangu mapema. Zamu 5 zilitimia Phillies wakiongoza 2 kwa 1. Kwa kitabu, mchezo kuvunjwa hapo kungewapa kombe. Ukaendelea juu ya udongo uliogeuka tope, Rays wakasawazisha katika zamu ya sita wakiwa wameshapoteza watu 2, na mara tu sehemu yao ilipokwisha, mchezo ukasimamishwa. Baadaye Bud Selig, mkuu wa ligi, akasema kwamba alikuwa ameshaamua mapema kuwa fainali haitamalizwa na mvua, hata Phillies wangekuwa mbele. Kwangu uamuzi huo ulikuwa wa haki. Kasoro ni kwamba haukuwa umeandikwa mahali ambapo shabiki angeweza kuusoma, na ndiyo sababu wengi walijiuliza iwapo waamuzi walivumilia tope lile makusudi hadi timu zilingane. Mchezo ukaendelea tarehe 29, Phillies wakashinda 4 kwa 3, hivyo hakuna aliyedhulumiwa kikombe. Hata hivyo wamiliki wa timu hawakuliachia hapo. Januari 2009 walipitisha sheria kwamba mechi za mtoano wa ubingwa zitachezwa hadi mwisho, hata zikichukua siku nyingi.

Kuna wanaosema sheria ya zamu 5 inakaribisha hila: anayeongoza ataharakisha, anayefuata atajikokota akiomba mbingu zimsaidie. Hila hiyo ni ya kweli, na sheria imeiona. Timu inayochelewesha au kufupisha mchezo makusudi inaweza kunyang'anywa mechi. Wengine wanasema kwamba kukubali zamu 5 ni kushusha thamani ya 9. Hao nawapa heshima zaidi, na besiboli yenyewe imewasikia kwa namna ya busara, kwa kutenganisha ushindi na rekodi. Tangu 1991, mrushaji hahesabiwi kuwa amewanyima wapinzani kila pigo salama kwa mechi nzima isipokuwa mechi hiyo imefika zamu 9, na makumi ya majina yaliyokuwa kwenye orodha ya waliofanya hivyo yakafutwa. Tarehe 25 Aprili 2021, Madison Bumgarner wa Arizona hakuruhusu pigo hata moja mbele ya Atlanta, lakini mechi ile ilikuwa imepangwa kuwa ya zamu 7. Timu yake ikapewa ushindi, yeye hakuingizwa kwenye orodha. Ushindi unajibu swali la nani alikuwa bora kwa kipimo kilichokubaliwa siku ile. Rekodi inamlinganisha mtu na waliotoka jasho la zamu zote 9, nayo ina haki ya kudai zaidi.

Msiseme haya ni mambo ya Wazungu. Mchezo wenyewe umeshafika kwa majirani: watoto wa Lugazi, Uganda, walikuja hapa jimboni Pennsylvania mwaka 2012 kwenye mashindano ya dunia ya watoto, wakaifunga timu ya Oregon 3 kwa 2. Na sheria za namna hii zimewahi kuigusa Kenya katika kriketi, tena pale Nairobi Gymkhana, si mbali na kwenu. Kombe la Dunia la 2003 lilikuwa Afrika Kusini, na mechi chache zikapewa Zimbabwe na Kenya. New Zealand ilitakiwa kucheza Nairobi tarehe 21 Februari ikakataa kuja kwa hofu ya usalama, miezi michache baada ya mashambulizi ya kigaidi ya Kikambala, pwani ya Kenya. Kenya ikapewa pointi 4 bila mpira kurushwa. Siku 3 baadaye, hapo hapo Gymkhana, vijana wa nahodha Steve Tikolo wakaifunga Sri Lanka kwa mikimbio 53, Collins Obuya akiangusha wiketi 5, na safari ile ikafika hadi nusu fainali mbele ya India huko Durban.

Hadi leo kuna wanaosema Kenya ilibebwa. Nasema hapana, na sababu ni ileile ya zamu 5. Kwamba asiyefika uwanjani hupoteza pointi lilikuwa jambo linalojulikana kabla ya mashindano, na New Zealand walichagua wakijua bei. Tena katika kundi hilohilo mvua nayo iliamua mengi. Mechi ya West Indies na Bangladesh huko Benoni ilivunjika kwa mvua na pointi zikagawanywa. Tarehe 3 Machi, Durban, Afrika Kusini walikuwa wakiwinda mikimbio 269 dhidi ya Sri Lanka mvua ikikaribia. Katika kriketi ya ova 50, timu ya pili ikishapiga ova 20, mechi inaweza kuhesabiwa, na kuna jedwali linaloonyesha mikimbio inayotakiwa kila hatua. Kambi ya Afrika Kusini ililisoma vibaya, ikaamini kwamba 229 inatosha, na Mark Boucher akauzuia mpira wa mwisho wa ova ya 45 badala ya kukimbia. Kumbe 229 ilikuwa sare. Mvua ikafunga mchezo na wenyeji wakatoka mashindanoni. Uchungu ulikuwa mkubwa, lakini walikosa kamati ya kulaumu. Jedwali lilikuwa mkononi mwao kama lilivyokuwa mkononi mwa Sri Lanka.

Sasa tuje kwenye mpira wetu wa miguu. Sheria za mchezo zinasema mechi iliyovunjika irudiwe, isipokuwa kanuni za mashindano au waandalizi waamue vingine. Hilo neno la waandalizi ndilo mlango wa fitina. Fainali ya Klabu Bingwa Afrika 2019 inatosha kuwa ushahidi. Tarehe 31 Mei, huko Radès, Wydad Casablanca waligoma kuendelea baada ya bao lao la kusawazisha kukataliwa na mashine ya video kuwa mbovu. Wapinzani wao Esperance wakakabidhiwa kombe usiku uleule, shirikisho la soka Afrika, CAF, likaamuru mechi irudiwe, mahakama ya michezo ikalifuta agizo hilo, na Agosti kombe likabaki kwa Esperance. Kila kikao kilikaa watu wakijua nani atafaidika, na hiyo peke yake inatosha kuondoa imani.

Mtaniambia mpira wa miguu hauna zamu, basi kipimo cha besiboli hakitufai. Ni kweli, dakika ya 60 haithibitishi kwamba pande zote zimepata nafasi sawa: huenda mmoja alicheza na upepo mgongoni au jua machoni. Ndiyo maana sipendekezi mechi ihesabiwe ikifika dakika fulani. Napendekeza kile ambacho besiboli imekichagua kwa mechi zake kubwa, yaani kuendelea kutoka mahali palepale kwa matokeo yaleyale. Atakayesema hatuna uwanja wala siku ya ziada, namjibu kwamba dakika 25 zilizobaki ni nafuu kuliko kurudia 90, na zinaweza kutangulia mechi nyingine asubuhi. Wanaoandaa mashindano ya Koth Biro kule Ziwani na vikombe vidogo vya mitaa ya Eastlands wanajua Desemba ilivyo: mvua ya alasiri, giza linaloingia, mpira usioonekana na refa aliyezingirwa. Kanuni ya aya moja, isomwe mbele ya manahodha wote siku ya kupanga ratiba, ingetosha. Mchezo ukisimama, refa aandike dakika, mabao, kadi, majina ya waliokuwa uwanjani, na timu iliyokuwa na mpira. Manahodha wawili watie sahihi kabla hawajatoka uwanjani, na nakala moja ibaki kwa kila timu.