Zoe, Hawa na Asha: Jina Moja Chini ya Mlima Elgon

Wahenga walinena kwamba jina jema hung'ara gizani. Hata hivyo, hawakusema jina hilo litoke lugha gani, wala hawakubainisha ni nani mwenye haki ya kuamua kwamba ni jema. Maswali hayo mawili ndiyo yaliyozua mvutano katika boma moja la Endebess, katika miteremko ya Mlima Elgon, msimu mmoja wa kuvuna mahindi. Mtoto wa kike alikuwa amezaliwa. Mama yake, Mbukusu na mwalimu wa shule ya msingi, alimwita Zoe. Baba, Msabaoti, aliridhia. Aliyekataa ni nyanya mzaa baba, mwanamke ambaye kanisani huitwa Dorkasi.

Nyanya alikuwa na hoja mbili. Ya kwanza ni kwamba jina hilo halina mwenyewe. Kwa Wabukusu, jina huweza kueleza majira aliyozaliwa mtoto: Nekesa ni wa mavuno, Nafula wa mvua, Nasimiyu wa kiangazi, na Nanjala ni wa wakati wa njaa. Kwa Wasabaoti na jamaa zao Wakalenjin, Cherop amezaliwa mvua ikinyesha na Chebet amezaliwa mchana. Aidha, kuna jina la marehemu ambalo mtoto hurithi. Katika jamii kadhaa za Kikalenjin, wazee hutaja majina ya waliotangulia, moja baada ya jingine, hadi mtoto apige chafya. Hapo huaminika kwamba aliyetajwa ameitika. Mtoto huyu hakulipigia chafya jina la Zoe. Kwa nyanya, kumwita hivyo kulikuwa sawa na kumwacha mlangoni bila mwenyeji wa kumpokea.

Zoe ni neno la Kigiriki lenye maana ya uhai. Wagiriki wa kale walikuwa na neno jingine, bios, lililoelekea zaidi kwenye maisha jinsi mtu anavyoyaishi, urefu wake na mwenendo wake. Ndilo shina la neno bayolojia. Zoe ni ule uhai wenyewe, unaomtenganisha aliye hai na mfu. Kiswahili nacho kina utajiri kama huo: maisha, uhai na uzima. Ni muhimu kutambua kwamba pale Agano Jipya la Kigiriki linapozungumzia zoe ya milele, wafasiri wa Biblia ya Kiswahili walichagua uzima. Hivyo basi, anayetaka kumtafsiri mtoto huyu kwa Kiswahili fasaha anaweza kumwita Uzima.

Historia ya jina hilo ina tukio moja linalostahili kuzingatiwa na kila mwanafunzi wa tafsiri. Katika karne ya tatu kabla ya Kristo, Wayahudi wa Aleksandria nchini Misri walianza kuyatafsiri maandiko yao ya Kiebrania kwa Kigiriki. Walipofika Mwanzo 3:20, walikuta mwanamke wa kwanza akipewa jina ambalo Maandiko yenyewe yanalihusisha na uhai, kwa kuwa ndiye mama wa wote walio hai. Hapo wafasiri hawakuhamisha sauti za jina. Walitafsiri maana yake, wakaandika Zoe. Kwingineko walilihamisha kwa sauti zake, na kupitia Kilatini likawafikia Waingereza likiwa Eve. Waarabu wanamwita Hawwa, na Waswahili Hawa. Kwa hiyo Zoe wa Endebess na Hawa wa Lamu wana jina moja lililopita njia mbili. Isitoshe, wana ndugu wa tatu. Aisha, ambalo Waswahili hulifupisha kuwa Asha, ni neno la Kiarabu lenye maana ya aliye hai, na shina lake ndilo lililokipa Kiswahili neno maisha. Katika darasa moja la Kitale wanaweza kuketi Zoe, Hawa, Asha na Vivian (hili la mwisho likitokana na Kilatini), wote wakiitika wito uleule bila kujua.

Kuhusu ugeni, hoja ya nyanya inakumbana na kizingiti. Dorkasi pia ni jina la Kigiriki. Maana yake ni paa, yule mnyama wa mbugani, na Matendo ya Mitume 9:36 inaeleza hivyo waziwazi. Majina ya Eunike, Fibi, Lidia na Damari yaliingia magharibi mwa Kenya kwa mlango huohuo wa ubatizo, hasa baada ya wamishenari wa Quaker kufika Kaimosi mwaka 1902. Hata fasihi ya Kiswahili haikukwepa jambo hili: jina la Euphrase Kezilahabi lina asili ya Kigiriki, lenye maana ya uchangamfu. Kwa upande mwingine, Ken Walibora, aliyekulia Trans Nzoia, aliliacha jina la Waliaula akajiita Walibora. Na yeyote ajuaye kwamba aula ni bora atatabasamu. Kinachoitwa jina la kienyeji na kinachoitwa jina la kigeni hutenganishwa mara nyingi na umri wa mazoea tu.

Hoja ya pili ya nyanya ilikuwa nzito zaidi, nayo inahusu matamshi. Sabaoti haina sauti /z/. Waingereza hutamka jina hili Zo-i, na hivyo ndivyo mama alivyolitamka. Kinywani mwa nyanya likawa Soi. Katika Mlima Elgon neno hilo lina mwenyewe. Soi ni nyanda za chini, na Mosop ni nyanda za juu. Na wakazi nao hutambulishwa hivyo. Mgogoro wa mashamba ya makazi ya Chebyuk, uliogeuka kuwa vita kati ya mwaka 2006 na 2008, ulichochewa kwa sehemu kubwa na swali la nani kati ya Soi na Mosop apewe ardhi ipi. Mamia waliuawa kwenye mlima huo na maelfu wakahama, wengine wakikimbilia Trans Nzoia. Nyanya ni wa Mosop. Aliteremka mwaka 2007 akiwa na sufuria moja na mjukuu mgongoni. Kila alipoitwa mtoto mchanga, yeye alisikia jina la mgawanyiko uliomtoa kwake.

Hapo ndipo maana ya kamusini inaposhindwa kumaliza mjadala. Mama alimweleza mkwewe kwamba Zoe ni uzima. Nyanya akajibu kwamba hajakataa uzima. Amekataa kuita Soi nyumbani mwake. Alipoambiwa kwamba Wagiriki wa leo nao hulitamka jina hilo Zo-i, alisema Wagiriki hawakuwa Chebyuk.

Lililosaidia ni sauti za Kiswahili. Kiswahili hakina kiambatani cha irabu. Kila irabu husimama katika silabi yake. Zoe kwa Kiswahili ni Zo-e, silabi mbili zilizo wazi, na hata pasipo /z/ hubaki So-e, neno lisilogusa jeraha la mtu. Mama, ambaye kila siku hufundisha silabi, alikubali kuacha matamshi ya Kiingereza. Cheti cha kuzaliwa kikaandikwa Zoe Chebet Nekesa: uhai, mchana na mavuno. Katiba ya Kenya ya mwaka 2010, kifungu cha 53, humpa kila mtoto haki ya jina tangu kuzaliwa. Haisemi majina yawe mangapi. Nyanya humwita Chebet zaidi, na So-e siku za Jumapili.

Wanafunzi wa Kiswahili wamezoea kuchambua majina ya majazi katika riwaya, ambako mwandishi humpa mhusika jina linaloafiki tabia yake. Jina la mtu halisi ni kazi ngumu zaidi. Halina mwandishi mmoja, na msikilizaji huliongezea maana ambayo mtoaji hakuikusudia. Anayetaka kulichunguza na aanze na kamusi ya Kigiriki, kisha apande matatu hadi Endebess, aulize jina hilo linasikikaje huko na ni nani anayeumia likiitwa.