Ng'ambo ya Pili ya Guangzhou

Mfanyabiashara wa Nairobi akisema amekwenda China kuleta bidhaa, mara nyingi huwa amefika Guangzhou. Huko ameona maghorofa marefu, masoko ya jumla yasiyo na mwisho na viwanda vilivyotapakaa kando ya Mto wa Lulu. Akirudi husimulia jinsi Wachina walivyotajirika.

Hasemi uongo, ila ameona upande mmoja tu. Anayetaka kuuona wa pili na apande garimoshi la kasi liendalo Guiyang, mkoani Guizhou. Reli hiyo ya kilomita 857 ilifunguliwa Desemba 2014. Safari iliyokuwa ikichukua zaidi ya saa 20 sasa huchukua saa tano hivi.

Viwanda hubaki nyuma. Karibu na Guilin, vilima vya mawe ya chokaa huchomoza mashambani kama vichuguu vikubwa. Kisha ni handaki, daraja, handaki tena. Zaidi ya asilimia 90 ya Guizhou ni milima na vilima. Ardhi tambarare ni haba, na mpunga hulimwa kwenye matuta.

Lakini umaskini wa huku haukuletwa na milima peke yake. Serikali ilipofungua milango ya uchumi ilianza na pwani. Mwaka wa 1980 Shenzhen, jirani ya Hong Kong, ilifanywa eneo maalumu la kiuchumi, na mitaji ya kigeni ikamiminika. Vijana wa Guizhou wakafunga virago kwenda kushona nguo na kuunganisha redio.

Hata hivyo, sheria ya usajili wa makazi, ya tangu 1958, iliendelea kuwahesabu kuwa watu wa kijijini. Watoto wao hawakupata nafasi kwa urahisi katika shule za serikali mjini. Wengi walibaki na babu na nyanya, wakingoja sikukuu ya mwaka mpya ili wawaone wazazi. Masharti yamelegezwa, lakini katika miji mikubwa bado ni kizingiti.

Shuka kituo cha Rongjiang. Wilaya hii ilikuwa miongoni mwa tisa za mwisho mkoani kuondolewa kwenye orodha ya umaskini, Novemba 2020. Mwaka wa 2023 timu za vijiji zilianza ligi ya kandanda, tuzo zikiwa mifugo. Makumi ya maelfu ya watazamaji walifurika, na baadhi ya vijana wakarudi nyumbani kuuza chakula. Reli iliyokuwa ikiwabeba kwenda mjini sasa iliwaletea wageni.

Mpira, bila shaka, hauwezi kuziba pengo lote. Pato la wastani la mkazi wa Guizhou bado ni zaidi kidogo tu ya nusu ya lile la mwenzake wa Guangdong, mkoa ulio na Guangzhou.

Wahenga walisema usione vyaelea, vimeundwa. Viatu ulivyonunuliwa kutoka Guangzhou huenda vilishonwa na mama ambaye mwanawe analelewa na nyanya huko milimani, mwendo wa saa tano tu kwa garimoshi.