Majani Yanayolevya Samaki

Msafiri afuataye bonde la mto Luapula, kutoka Kasenga kuelekea ziwa Mweru, huona mengi ya kumpendeza: mitumbwi, mafunjo, samaki wanaokaushwa juu ya vichanja. Lakini asipouliza, atakipita bila kukijua kijiti kimoja kilichosimama kandokando ya shamba la mihogo. Kimo chake ni mita mbili au tatu. Maua yake ni meupe au ya zambarau. Maganda yake yana manyoya laini kama mahameli. Wabemba hukiita ububa, watu wa pwani hukiita utupa, na wataalamu hukiita Tephrosia vogelii. Hakikupandwa kwa uzuri wake, bali kwa ajili ya samaki.

Tulikiona kikifanya kazi siku moja ya Septemba, wakati vijito vinapokatika kuwa madimbwi. Wanawake waliyaponda majani juu ya mawe, wakayatia katika vikapu, wakavitikisa vikapu hivyo majini. Muda si mrefu samaki wakaanza kupanda juu, vinywa wazi, wakiyumba kama walevi. Watoto wakaingia kwa shangwe kuwaokota.

«Mama,» tulimwuliza mzee mmoja, «sumu hii haitatudhuru sisi tutakaowala?»

Akacheka. «Mwanangu, kama ingeua walaji, nani angekupikia leo?»

Jibu lake ni la kweli, na elimu yaeleza sababu. Mwaka 1902 Mjapani Nagai Nagayoshi alitenga sumu ya namna hii katika mmea wa Taiwan, akaiita rotenoni. Utupa nao una rotenoni na sumu za jamii yake. Sumu hiyo hupita katika matamvua na kuingia damuni upesi. Maji hayakuishiwa hewa; ni mwili wa samaki usioweza tena kuitumia hewa hiyo. Tumbo la mtu hupokea sumu kidogo tu, tena moto na jua huivunja. Hata hivyo tusiichezee: mwaka 2000 wataalamu wa Marekani walionyesha kwamba panya waliotiwa rotenoni damuni kwa muda mrefu walipatwa na ugonjwa wa kutetemeka.

Vikapu vilipojaa, furaha ilikuwa kubwa. Lakini yule mama alikuwa bado amesimama ukingoni, kimya. Akatuonyesha maji. Kumbe juu yake walielea mamia ya samaki wadogo kama ukucha, ambao hakuna aliyewaokota.

«Hao,» akasema, «ndio chakula cha mwaka ujao. Zamani wazee walichagua siku moja tu, na dimbwi moja liliachwa bila kuguswa. Sasa kila mtu huja siku aitakayo.»

Maneno hayo yalituingia moyoni. Bonde hili lina ushuhuda wake. Samaki aitwaye mpumbu alikuwa akipanda Luapula kwa makundi makubwa kwenda kutaga mayai. Nyavu zikamngojea njiani, na kufikia mwisho wa miaka ya 1940 makundi yale yalikuwa yamekwisha. Hakuuawa na ububa. Aliuawa na haraka ya watu.

Tena liko jambo baya zaidi. Siku hizi, katika nchi kadhaa za Afrika, wako wanaomwaga mtoni dawa za kuulia wadudu zilizonunuliwa dukani. Majani ya utupa hupoteza nguvu baada ya siku chache. Nyingi za dawa hizo hazina huruma hiyo, nazo hudhuru anayekula samaki na anayechota maji. Sheria za nchi nyingi zakataza kuvua kwa sumu yoyote, na sababu yake twaiona.

Basi, je, tuung'oe ububa? Sivyo. Mizizi yake hurutubisha udongo, na majani yake makavu hulinda maharagwe ghalani yasiliwe na wadudu. Na uendelee kusimama kandokando ya shamba. Wewe kijana, ukienda mtoni, chukua ndoana au kikapu, nao wale wadogo kama ukucha uwaache wakue.