Goti lilimtoa Amunike uwanjani, likamleta Taifa Stars

Mtoto wa Suji akiumia goti mpirani, mara nyingi jambo la kwanza analofanya ni kunyamaza. Anapitia mlango wa uani, anaoga haraka, anavaa suruali ndefu. Mama akiuliza mbona unachechemea, jibu liko tayari: "Nimejikwaa tu mama, kule kwenye mtelemko."

Jibu hilo linaaminika. Suji iko juu kwenye milima ya Upare ya Kusini, wilayani Same, na kujikwaa huko si habari. Sehemu tambarare ya kutosha magoli mawili ni ya kutafuta. Lakini mtoto hanyamazi kwa sababu ya mtelemko. Ananyamaza kwa sababu anajua akisema ukweli atasikia "si nilikwambia?", na kesho yake mpira umepigwa marufuku.

Hofu ya mzazi nayo ina msingi. Yupo mtu ambaye Watanzania walimshangilia miaka michache iliyopita, na wengi hawakukumbuka kwamba goti ndilo lililomharibia kazi ya kucheza. Ni Emmanuel Amunike, Mnigeria aliyeifundisha Taifa Stars kuanzia Agosti 2018 hadi Julai 2019.

Amunike alikuwa winga wa kushoto. Aprili 1994, jijini Tunis, alifunga mabao yote mawili Nigeria ilipoifunga Zambia 2-1 katika fainali ya Kombe la Mataifa ya Afrika. Miezi michache baadaye alifunga kwenye Kombe la Dunia nchini Marekani, na mwaka huohuo akachaguliwa mchezaji bora wa Afrika. Mwaka 1996, kwenye Olimpiki ya Atlanta, alifunga bao la tatu dakika za mwisho, Nigeria ikaishinda Argentina 3-2 na kutwaa dhahabu. Desemba mwaka huo Barcelona wakamsajili. Alikuwa anatimiza miaka 26, umri ambao mchezaji anaanza kula matunda ya jasho lake.

Goti likakataa. Katika miaka yake ya Barcelona alicheza kidogo sana, na Kombe la Dunia la 1998 likampita. Alijaribu tena kwingineko Hispania, akamalizia soka lake Jordan mwaka 2004. Huyu alikuwa na madaktari wa moja ya klabu kubwa duniani, vipimo na vyumba vya mazoezi ambavyo mtoto wa kijijini hatavigusa. Bado goti halikurudi kuwa lile la Tunis.

Mzazi akiishia hapo, atauchoma mpira moto. Ila Amunike hakuishia hapo. Aliingia kwenye ukocha, na sehemu ya kazi yake ilikuwa na watoto wa watu. Mwaka 2015, nchini Chile, aliiongoza Nigeria ya vijana chini ya miaka 17 kutwaa Kombe la Dunia. Mfungaji bora wa mashindano hayo, kwa mabao 10, alikuwa kijana wake, Victor Osimhen.

Alipofika Tanzania hakuanza kwa kupendwa. Kabla ya mchezo wake wa kwanza, dhidi ya Uganda jijini Kampala, aliwaondoa kikosini wachezaji kadhaa, wengi wao wa Simba, kwa kuchelewa kuripoti kambini. Erasto Nyoni alikuwa mmoja wao. Kelele zilikuwa nyingi. Wengine walisema mgeni anatuharibia timu. Stars ilitoka sare ya 0-0.

Halafu ikaja Machi 24, 2019. Ilikuwa Jumapili, na kwa Suji hilo si jambo dogo. Huko Wasabato ni wengi tangu wamisionari wa Kijerumani walipofika mwanzoni mwa karne iliyopita, na mechi za Jumamosi ni chanzo cha mabishano ya kudumu kati ya wazazi na vijana. Siku hiyo hapakuwa na la kubishania. Simon Msuva, Nyoni yuleyule kwa penalti, kisha Aggrey Morris: Tanzania 3, Uganda 0. Stars ikarudi AFCON baada ya miaka 39, tangu ile ya Lagos mwaka 1980.

Huko Misri mambo yakawa magumu. Stars ilifungwa na Senegal 2-0, Kenya 3-2 na Algeria 3-0. Kabla Julai haijaisha, kocha na shirikisho wakaachana. Basi na ukocha nao si ajira ya kumwahidi mtoto kana kwamba ni pensheni. Mtu anaifikisha timu mahali ambapo haijafika kwa karibu miaka 40, na baada ya miezi minne hana kazi.

Sasa turudi kwenye goti la mtoto, kwa sababu hapo ndipo mzazi anapoweza kufanya kitu.

Ndani ya goti kuna kano zinazoshikilia mfupa wa paja na wa mguu wa chini. Inayokatika na kuleta balaa kwa wachezaji ni ile ya katikati, upande wa mbele. Mara nyingi hakuna aliyemgusa. Mtoto anakimbia, anageuka ghafla au anatua vibaya baada ya kuruka, anasikia kitu kama mlio, na goti linavimba ndani ya saa chache. Kwa wasichana wanaocheza, hatari ya kano hiyo kukatika ni kubwa kuliko kwa wavulana, mara 2 au zaidi. Wenye mabinti wanaocheza wasifikiri habari hii ni ya kaka zao.

Siku 2 au 3 za kwanza, goti lisikandwe kwa maji ya moto wala kuchuliwa, hata kama bibi ana mikono mizuri. Joto na kuchua huongeza uvimbe. Mguu upumzike, uinuliwe juu ya mto, ufungwe kwa bandeji isiyobana sana, na kitambaa cha maji baridi kiwekwe kwa dakika 15 hivi, mara kadhaa kwa siku. Barafu Suji si ya kila nyumba, lakini maji ya mlimani ni baridi ya kutosha.

Mtoto asiyeweza kukanyagia mguu, goti lililovimba siku ileile, linalokwama bila kunyooka au linaloachia anaposhuka mtelemko, huyo apelekwe hospitali Same. Ikibidi atapewa rufaa kwenda KCMC, Moshi. Kano ikikatika na kufanyiwa upasuaji, kurudi uwanjani huchukua miezi 9 hadi mwaka, kwa mazoezi ya kila wiki. Anayerudi mapema yuko kwenye hatari kubwa zaidi ya kuumia tena, pengine pamoja na gegedo.

Hayo yote yanategemea mtoto kusema siku ileile. Swali la mzazi likiwa "limevimba lini?" badala ya "nani alikutuma?", atasema.

Mwalimu wa michezo naye ana sehemu yake. FIFA ina mazoezi ya kupasha mwili yaitwayo 11+: kukimbia polepole, kuchuchumaa, kusimama kwa mguu mmoja, kuruka na kutua magoti yakiwa yamekunjwa na hayajaelekeana. Utafiti wa Norway uliotolewa mwaka 2008, kwa wasichana zaidi ya 1,800 wa miaka 13 hadi 17, ulionyesha majeraha kwa jumla yakipungua kwa karibu theluthi moja. Hayahitaji kifaa cha kununua. Yanachukua dakika 20 hivi, na watoto watalalamika kila siku kwamba yanawachelewesha kucheza.