Kufundisha Mfanano: Neno "kama" na Kiambishi "ki-"

Miongoni mwa masahihisho tuliyopata kuyafanya kwa wino mwekundu, limo moja ambalo tungependa lifutike. Mwanachuo wa mwaka wa kwanza aliandika katika insha yake: "Nililelewa katika nyumba ile kama mtoto." Tulilipigia mstari neno kama, tukamkata alama, tukaandika pembeni: "Je, wewe si mtoto wao?" Baada ya kipindi alitufuata, akasema kwa adabu: "Mwalimu, wale walinichukua nilipofiwa na wazazi. Sikujua niandike vipi." Hatukuwa na jibu.

Kosa halikuwa lake. Neno kama, ambalo asili yake ni Kiarabu, limebebeshwa mizigo miwili. Tusemapo "Alizungumza kama mwalimu," msikilizaji hawezi kujua iwapo mtu huyo ni mwalimu kweli au amefanana naye tu.

Ziko lugha ambazo hutenga mambo haya kwa viambishi tamati. Kifini, ambacho kwa kawaida huhesabiwa kuwa na maumbo 15 ya uhusika, kina umbo mojawapo lielezalo hali ya kuwa kitu fulani. Poika ni mvulana, poikana ni "akiwa mvulana." Lakini poikamainen ni kivumishi chenye maana ya "-a kivulana," nacho huweza kusemwa hata juu ya msichana. Katika Kituruki, çocuk ni mtoto, na çocukça ni "kitoto." Kiambishi hicho hicho huunda majina ya lugha: Türk ni Mturuki, Türkçe ni Kituruki. Hapa mwanafunzi wa Kiswahili hujikuta nyumbani, kwa maana ki- yetu hufanya kazi hizo hizo mbili: analia kitoto, anasema Kituruki. Wao hukiweka kiambishi mwishoni, sisi mwanzoni.

Tangu siku ile tumekuwa tukilifundisha somo hili kwa hatua tatu.

Kwanza, tunaandika ubaoni: "Kitoto kinalia" na "Juma analia kitoto." Wanachuo hutafuta upatanisho wa kisarufi. Katika sentensi ya kwanza kitoto ni nomino ya udogo, nayo ndiyo itawalayo kitenzi. Katika ya pili kitenzi kinamfuata Juma, na kitoto ni kielezi cha namna. Hivyo huutenga udogo na mfanano bila kuambiwa.

Pili, tunawapa sentensi "Alipigana kama shujaa," waiandike upya kwa njia tatu: "Alipigana kishujaa," "Alipigana akiwa shujaa," na "Alipigana kana kwamba ni shujaa." Ya kwanza hueleza namna tu, ya pili hukiri kuwa ni shujaa, ya tatu hutia shaka. Hapa hatuna budi kuwatahadharisha kwamba ki- haikubali kila nomino. Husemwa "mweupe kama pamba," wala hakuna asemaye "mweupe kipamba."

Tatu, kila mwanachuo hueleza jinsi lugha ya kwao inavyoyasema mambo hayo matatu. Katika hatua hii mkufunzi husikiliza na kuandika. Mara nyingi sisi ndio tunaojifunza.

Yule mwanachuo tulimwita tena, tukamwonyesha njia zote: "nikiwa mtoto wa nyumba ile," "kana kwamba ni mtoto wao." Alizisoma kwa muda, kisha akasema angependa kubaki na kama, kwa sababu katika nyumba ile maana zote mbili zilikuwa za kweli, kila moja kwa siku zake. Tukamrudishia alama yake.

Ndugu walimu, kabla ya kulikata neno kama katika daftari la mwanafunzi, yafaa kwanza kumwuliza alikusudia nini. Akijua njia nyingine zilizopo na bado akalichagua, hilo si kosa la sarufi.