Mashoto Mjini Kyoto

Mpenzi msomaji, hebu kwanza uitazame lugha yetu yenyewe. Mkono wa kulia uliitwa hivyo kwa sababu ndio tunaotumia kulia chakula. Pia huitwa mkono wa kuume, yaani wa kiume, wenye nguvu. Na wa kushoto je? Huo wazee waliuita mkono wa kuke, na kazi waliyoupa sitaitaja hapa maana huenda unasoma ukiwa mezani. Basi mtoto akizaliwa mashoto kama mimi, lugha imeshamhukumu hata kabla hajashika kalamu.

Nyumbani, nikimpa nyanya kikombe kwa mkono wa kushoto, hakipokei ng'o. Husema tu, "Baraka, mjukuu wangu, nipe kwa mkono wa heshima." Hilo nililizoea na sina neno nalo, kwani ni adabu. Lakini kuandika ni jambo jingine. Nilipoanza shule ya msingi, palikuwa na mwalimu mmoja ambaye rula yake ilivijua vidole vyangu vya kushoto kimoja kimoja. Akinitazama, ninaandika kwa mkono wa kulia, herufi zinaanguka kama walevi. Akigeuka ubaoni, ninarudi kwa wa kushoto. Mwaka mzima tukaishi hivyo kama paka na panya. Nilipopanda darasa, mwalimu mwingine aliniacha niandike nipendavyo. Nilinusurika, lakini mpaka leo hii mtu akisimama nyuma yangu ninapoandika, mabega hupanda yenyewe.

Nimeyasema hayo ili uelewe kilichonipata nikiwa safarini Ujapani, katika likizo ya Agosti ya mwaka wa 2025. Tulikuwa wanafunzi wanne na mwalimu mmoja, tumealikwa kwa ziara ya siku kumi. Tulitua katika uwanja wa ndege wa Kansai, ambao umejengwa baharini juu ya kisiwa kilichotengenezwa na watu. Kutoka hapo tulipanda garimoshi hadi Kyoto, mji uliofanywa makao makuu ya Ujapani mwaka wa 794 na ukabaki hivyo kwa zaidi ya miaka elfu moja. Na joto lake, jamani! Nilidhani niko Mombasa mwezi wa Februari.

Mkalimani wetu alikuwa dada mmoja Mjapani aliyesomea Kiswahili katika Chuo Kikuu cha Osaka. Naam, Kiswahili! Tena chake kilikuwa sanifu kuliko chetu. Tulipoanza kuchanganya na lugha ya mtaani, alituuliza kwa upole, "Samahani, neno hilo liko katika ngeli gani?" Sote tukakodoa macho, hakuna wa kumjibu.

Asubuhi ya tarehe 16 Agosti akatuambia kwamba siku hiyo tutajifunza shodo. Shodo ni sanaa ya kuandika kwa brashi na wino, na maana ya neno lenyewe ni njia ya maandishi. Wenzangu walishangilia. Mimi niliposikia habari za mwandiko, tumbo likanikata. Nikasema moyoni, kumbe rula imenifuata mpaka huku!

Tulivua viatu mlangoni tukaketi juu ya mikeka minene mbele ya meza fupi. Mwalimu alikuwa mama mzee mwenye nywele nyeupe, na sote tulimwita sensei, yaani mwalimu. Mbele ya kila mmoja palikuwa na brashi, kipande cha wino mkavu, jiwe la kusagia wino, na karatasi nyepesi yenye upana wa sentimita 24 na urefu wa sentimita 33. Chini ya karatasi kulikuwa na kitambaa kizito cheusi, na juu yake kipande cha chuma cha kuizuia isipeperuke.

Hatukuandika mara moja. Kwanza tulidondosha maji kidogo kwenye jiwe, tukausugua wino polepole kwa kuzungusha mpaka maji yakawa meusi. Wino ule hutengenezwa kwa masizi na gundi ya wanyama. Masizi, ndugu zangu! Yale yale ambayo kwetu huyakwangua kwenye sufuria kwa mchanga. Wajapani huyafanya kuwa maandishi yanayodumu mamia ya miaka. Sensei alisema kusaga wino si kupoteza wakati. Mkono unapozunguka, moyo nao unatulia. Wangu haukutulia.

Herufi tuliyopewa husomwa "dai", na maana yake ni "kubwa". Ina mistari mitatu tu. Wa kwanza hulala kutoka kushoto kwenda kulia. Wa pili hushuka kutoka juu, ukaukata ule wa kwanza na kufagia kuelekea kushoto. Wa tatu huanzia pale walipokutana na kufagia kuelekea kulia. Asili yake ni picha ya mtu aliyesimama akinyoosha mikono yote miwili. Ukiitazama unamwona kabisa.

Nikaishika brashi kwa mkono wangu wa kushoto. Nikasikia nyayo. Sensei akaja, akasimama nyuma yangu. Mabega yakapanda.

Alisema maneno machache na dada mkalimani akanifasiria: "Anauliza, je, huo ndio mkono wako?" Nikaitikia kwa kichwa. Sensei akapiga magoti kando yangu, akachukua brashi nyingine na karatasi mpya. Akachora mstari wa kulala kwa mkono wake wa kulia, akanionyesha jinsi ncha ya brashi inavyotangulia kutua ikielekea pembe ya juu upande wa kushoto, kisha mkono unaivuta brashi. Halafu, amini usiamini, akahamishia brashi katika mkono wake wa kushoto akajaribu mstari ule ule. Safari hii mkono uliisukuma brashi badala ya kuivuta, ncha ikageukia kwingine, mstari ukatoka umekunjamana. Akaucheka mwenyewe.

"Anasema herufi hizi zilitungwa na watu wa mkono wa kulia," dada akafasiri. "Zamani hata hapa watoto mashoto walibadilishwa mkono. Siku hizi wengi huachwa. Ukitumia wa kushoto itakubidi utafute njia yako. Ukitumia wa kulia utakuwa mwanafunzi mpya, lakini humu ndani nyote ni wapya. Chagua mwenyewe."

Nilinyamaza kidogo. Katika maisha yangu yote, hakuna aliyewahi kunieleza kwa nini. Niliambiwa tu kuwa kushoto ni kubaya, basi, na rula ikamalizia maelezo. Mama huyu alinionyesha sababu, akaijaribu kwa mkono wake mwenyewe, kisha akaniachia uamuzi. Nikaihamisha brashi kwenye mkono wa kulia, na hakuna aliyenilazimisha.

Lo! Kazi ilikuwa ngumu. Kiwiko hakiruhusiwi kugusa meza na brashi husimama wima. Ukikawia mahali pamoja, karatasi hunywa wino na doa likatanda. Ukienda mbio, mstari hukauka katikati. Na ukishauchora huruhusiwi kurudi kuutengeneza. Hakuna kufuta wala kupaka juu. Nilipotaka kuuacha mkono wa kushoto ulegee pajani, sensei aliuinua akauweka juu ya karatasi. Akasema huo nao una kazi, maana usiposhika karatasi, wa kulia hauwezi kitu. Nikakumbuka kwamba mkono mmoja hauchinji ng'ombe.

Sensei alisahihisha kwa wino mwekundu kama walimu wetu. Tofauti ni kwamba hakuweka mkasi. Aliupitisha mstari mwekundu juu ya ule wangu mweusi ili nione ulipaswa kupita wapi. Alipotuona tunakata tamaa, alitutajia methali yao kwamba hata Kobo huteleza brashi. Kobo ni jina la heshima la mtawa Kukai, aliyeishi kati ya mwaka wa 774 na 835 na kusifiwa kwa mwandiko wake. Karatasi yangu ya kumi na moja aliizungushia duara lenye petali kama ua, alama ambayo watoto wa shule za msingi huko hupewa wakifanya vyema. Mimi, dume la miaka kumi na sita, nilifurahia ua lile kuliko alama zangu zote za muhula.

Mwisho tuliandika majina yetu kwa herufi za silabi ambazo Wajapani hutumia kwa majina ya kigeni. Hapo Waswahili tulitamba! Lugha yao, kama yetu, hupenda kila silabi ikomee kwa irabu. Sisi tunasema basi, wao wanasema "basu". Baraka likaingia bila taabu: Ba-ra-ka, herufi tatu. Mwenzetu Chepkemoi alilazimika kuongezewa irabu, akawa Che-pu-ke-mo-i. Jina langu niliandika kwa mkono wa kushoto. Sensei alisimama nyuma yangu tena, na nilipomaliza ndipo nilipogundua kwamba mabega yangu hayakuwa yamepanda.

Usiku huo tulikwenda ukingoni mwa mto Kamo. Kila tarehe 16 Agosti watu wa Kyoto huwasha mioto katika milima mitano inayouzunguka mji, kuziaga roho za wazee wao waliofariki. Ilipotimu saa mbili, herufi ikawaka gizani upande wa mashariki. Ilikuwa "dai" ile ile! Mstari wake wa kwanza una urefu wa mita 80, wa pili mita 160 na wa tatu mita 120. Mtu mkubwa wa moto alisimama mlimani, mikono yote miwili imenyooshwa, na umati wote ukanyamaza.

Nina binamu yangu mdogo aliye Gredi ya Kwanza. Naye ni mashoto. Niliporudi nilimkuta ameanza kuficha daftari chini ya dawati. Nikaenda na shangazi yangu hadi shuleni kwake, nikiwa na karatasi yangu yenye ua jekundu mkononi. Sikwenda kugombana. Nilimwomba mwalimu wake ajaribu kuandika mstari mmoja kwa mkono wa kushoto. Alicheka, akajaribu, akaacha kucheka. Siku iliyofuata alimhamishia mtoto mwisho wa dawati upande wa kushoto, kiwiko kisigongane na cha jirani, akamwonyesha jinsi ya kuilaza karatasi kimshazari ili asipanguse alichokiandika.

Walimu wetu wapenzi, na nyinyi wenzangu mtakaokuwa walimu kesho, mkitaka kutugeuza, kwanza tuelezeni sababu. Ikiwa ipo, wenyewe tutaifuata, hata kwa mkono tusiouzoea. Ikiwa haipo, tafadhalini, tuacheni tuandike.